Mafaili Matatu ya Posta ya Ofisi

Nilipofika kazini Jumanne ile, kompyuta ya kona ilikuwa imewaka lakini posta ya ofisi ilikuwa imekufa. Kwenye kioo kulikuwa na kisanduku kidogo cha kijivu kikisema programu haiwezi kuanza kwa sababu faili fulani halikupatikana. Nikabonyeza kukubali. Kisanduku kikatoweka, na programu haikufunguka. Nikajaribu tena, kikarudi kilekile.

Nilikuwa karani wa shirika dogo la huduma ya macho hapa Masasi. Karani kwa barua ya ajira, lakini ofisi ya watu sita haina mipaka: nilipokea wageni, nilichapa ripoti, nilibadilisha wino wa printa, na tangu fundi aliyetufungia mitambo alipohamia Mwanza, kompyuta zote zilikuwa zangu. Sikusomea. Nilijifunza kwa kusimama nyuma ya mgongo wa yule fundi na kuuliza maswali mpaka akachoka.

Posta yetu ilikuwa hivi. Kwa kuwa mtandao ulikuwa wa kubahatisha, fundi alifunga programu ya seva ya barua pepe kwenye kompyuta ya kawaida ya mezani, ile ya kona. Watumishi wa vijijini wakituma barua, zilifika pale na kukaa, hata kama mwenye barua hayupo. Programu yenyewe ilikuwa ndogo. Kazi nzito ilifanywa na mafaili matatu yaliyokaa kando yake, ambayo fundi aliyaita mafaili ya maktaba. Moja lilijua kupokea barua kutoka nje, moja lilijua kuzipeleka, na la tatu lilijua kumfungulia kila mtu sanduku lake. Programu iliazima ujuzi wa mafaili hayo kila ilipoamka. Likikosekana moja, haiamki kabisa.

Lililokosekana lilikuwa la kufungua masanduku. Siku iliyotangulia mratibu wetu alikuwa ameweka programu mpya ya kuzuia virusi, nayo ikaliona faili lile ni geni, ikalifuta. Nilitafuta kwenye karantini yake, mahali inapofungia vitu inavyovishuku. Palikuwa patupu.

Ingekuwa wiki nyingine ningesubiri. Lakini Jumatatu iliyofuata kambi ya upasuaji wa macho ilikuwa inaanza. Daktari wa upasuaji alikuwa anatoka mbali na lenzi zake, na lenzi ya kila mgonjwa huchaguliwa kwa vipimo vya jicho lake mwenyewe. Kwa wiki tatu muuguzi wetu wa Newala alikuwa amezunguka vijijini na mashine ya kupimia ya kuazima na laptop ya kuazima, na kila jioni alituma vipimo vya siku ile kwenye sanduku la daktari. Mashine na laptop zilikuwa zimekwisha kurudishwa kwa wenyewe, laptop ikiwa imefutwa kila kitu kama tulivyokubaliana. Muuguzi alibaki na daftari la majina na vijiji. Vipimo vya watu arobaini kasoro wawili vilikuwa ndani ya kompyuta ya kona, katika faili moja kubwa tulilolizoea kuliita ghala, na ghala lile lilisomeka kwa programu ile tu. Nililifungua kwa programu ya maandishi nikaona herufi na alama zimemwagika kama mchele.

Mmoja wa wale watu alikuwa mama yangu mkubwa, wa Mkunya. Ndiye aliyenilea. Ugonjwa wa mtoto wa jicho ulikuwa umemfunika macho yote mawili, akawa anahesabu hatua kutoka mlangoni hadi jikoni.

Mratibu alimwita fundi wa mjini, mtu mwenye kibanda karibu na stendi. Alikaa, akagusa vitu viwili vitatu, akasimama.

"Hii dawa yake ni kufomati," alisema. "Napiga windozi mpya, saa mbili tu unaendelea na kazi."

"Na barua zilizomo?" nikamuuliza.

"Zinakwenda. Mtaanza upya."

"Hatuanzi upya," nilisema. Nilisema kwa sauti kubwa kuliko nilivyokusudia, mpaka mratibu akageuka kunitazama. "Samahani, bosi. Lakini humo mna vipimo vya wagonjwa. Tukifuta, tutawaambia nini?"

Mratibu hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu aliyechoka, na simu yake haikuacha kuita kuhusu mahema, chakula na vitanda. "Unaweza kuitengeneza wewe?" aliniuliza.

Jibu la kweli lilikuwa sijui. Nikasema, "Nipe mpaka Ijumaa."

"Ijumaa jioni," alisema. "Jumamosi lazima nimpigie daktari nimwambie kama anakuja au haji."

Mchana ule nilifanya kosa ambalo mpaka leo likinijia nafumba macho. Niliandika jina la faili kwenye mtandao, zikaja kurasa chungu nzima zinazogawa mafaili ya aina ile bure. Nikaona mbona rahisi. Nikapakua, nikaliweka faili mahali pake, nikaiwasha programu. Ikafunguka, ikakaa kama pumzi tatu, ikajifunga. Halafu kioo kikaanza kujaa matangazo: umeshinda zawadi, bonyeza hapa, kompyuta yako iko hatarini. Nikifunga moja yanazuka mawili. Nikachomoa waya wa umeme ukutani.

Nilikaa pale nikitazama kioo cheusi. Kwa mara ya kwanza nilifikiria kwamba huenda ghala lenyewe nimeliharibu kwa mkono wangu, kwamba fundi wa stendi alitaka kufuta na mimi nimefuta kwa njia ndefu zaidi. Nilirudi chumbani kwangu Mkomaindo nikapika ugali nikashindwa kuula.

Asubuhi nilimngoja mratibu mlangoni ili nisipate nafasi ya kubadili nia. Nikamweleza nilichofanya bila kupunguza.

Aliuliza, "Sasa?"

"Sasa naomba ile diski ya nje iliyo kabatini. Nataka kulinakili ghala kabla sijagusa kitu kingine. Nilitakiwa kuanza na hilo."

"Ulitakiwa," alisema, akanipa ufunguo wa kabati.

Niliiwasha kompyuta bila waya wa mtandao, nikalinakili ghala mara mbili, moja kwenye diski na moja kwenye flashi. Ukubwa wa faili haukuwa umepungua kuliko ule niliokuwa nimeuandika wiki iliyopita kwenye ripoti yangu, na hilo lilinipa nguvu kidogo. Kisha nikaanza kumtafuta fundi wetu wa zamani. Namba yake ya zamani haikuwa hewani. Nikampigia mtu aliyemfahamu, akanipa ya mtu mwingine, na huyo akanipa ya shemeji wa fundi. Mchana nikaisikia sauti yenyewe.

"Dada! Bado uko na ile kompyuta ya kona?"

"Niko nayo, kaka, ila haiko na mimi." Nikamweleza kisa chote, pamoja na faili la kuokota.

Akaguna. "Usichukue tena faili la maktaba kwa mtu usiyemjua. Hilo ni kama kumeza kidonge ulichokikuta njiani. Sikiliza. Kifurushi cha kufungia programu sinacho, na walioitengeneza wameshaacha. Lakini Newala je? Nilifunga programu hiyohiyo kwenye kompyuta ya mezani ya pale, kabla hawajaacha kuitumia. Mliitupa?"

Hatukuitupa. Ilikuwa stoo ya kituo chetu cha Newala, chini ya maboksi ya vyandarua.

Alhamisi nilipanda gari la kwanza la Newala. Unapoiacha Masasi na majabali yake nyuma, barabara inakwenda kwenye joto, halafu inaanza kupanda, na ukifika juu hewa inabadilika ghafla, unatafuta khanga ya kujifunika mabegani. Ulikuwa wakati wa mikorosho kutoa maua, na ukungu ulikuwa bado umekaa juu ya mashamba.

Muuguzi wetu alinipokea uso umemsinyaa. Alikuwa mwanamke mtu mzima, mwenye sauti ya taratibu, na nilikuwa namwita dada mkubwa.

"Shikamoo, dada mkubwa."

"Marahaba, mdogo wangu. Niambie ukweli. Kazi yangu ya wiki tatu imepotea?"

"Haijapotea. Imefungiwa, na ufunguo uko stoo kwako."

Tukatoa maboksi, tukaibeba ile kompyuta wawili, tukaipangusa. Ilikuwa na kiota cha nyigu kavu nyuma, kwenye matundu ya feni. Tulipojaribu kuiwasha mara ya tatu, ikawaka. Nikaikuta programu, na kando yake mafaili yake matatu yamekaa kama nilivyoyakumbuka. Nikalitia lile moja nililolihitaji kwenye flashi, na nilipoichomoa tu, umeme ukakatika. Nikamkumbatia muuguzi. Tulicheka kama watoto, kwa sababu tulidhani tumemaliza.

Niliporudi Masasi alasiri, niliyasafisha yale matangazo kwa kadiri nilivyoweza, nikaliweka faili la Newala mahali pake, nikabonyeza. Kisanduku cha kijivu kikarudi. Maneno yalikuwa tofauti safari hii: faili limepatikana, ila jambo fulani programu inaloliuliza halimo ndani yake.

Nikampigia fundi Mwanza nikamsomea maneno yale.

"Ah," alisema. "Hilo la Newala ni la toleo la zamani. Lile la Masasi nililiongezea mambo baadaye. Dada, nisamehe, nilisahau. Ulichukua moja tu?"

"Ulisema nichukue lililokosekana."

"Hayo mafaili yalitoka pamoja, yanajuana. Ukimchanganya mmoja wa nyumba nyingine hawaelewani. Kachukue yote matatu na programu yenyewe, folda nzima kama ilivyo. Halafu usiiweke kwenye kompyuta uliyoichafua. Weka kwenye nyingine safi, uipe nakala ya ghala, siyo ghala lenyewe."

"Na toleo la zamani litaweza kulisoma ghala la toleo jipya?"

"Sehemu kubwa, nadhani. Siwezi kukuapia."

Nilipokata simu nilimkuta mratibu amesimama nyuma yangu, alikuwa amesikia. Akaketi kwenye kiti cha wageni, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

"Umejitahidi sana," alisema. "Hakuna atakayekulaumu. Nimpigie daktari leo hii, tuahirishe?"

"Ulinipa mpaka Ijumaa jioni, bosi. Leo ni Alhamisi."

Alinitazama, akainuka. "Basi nenda."

Ijumaa nikapanda tena. Safari hii nilikubaliana na muuguzi kwa simu awashe kompyuta mapema, kwa kuwa umeme wa siku ile haukuaminika. Nilipofika alikuwa amefunika kompyuta kwa khanga kama anayemfunika mgonjwa. Tukanakili folda nzima, flashi mbili tofauti. Nikazihesabu baiti za kila faili, nikaziandika kwenye karatasi, yeye akisoma na mimi nikirudia. Sikucheka wala sikumkumbatia mtu. Nilimshukuru nikaondoka.

Lakini wakati wa kurudi gari liliharibika Mkunya, tairi na kitu kingine chini yake, dereva akasema nusu saa. Nikaona nusu saa ya dereva inanitosha kwenda kwa mama mkubwa na kurudi.

Alikuwa ameketi barazani akimenya muhogo. Alimenya kwa vidole kuongoza kisu, bila kutazama, kwa kuwa hakukuwa na cha kutazama.

"Shikamoo, mama mkubwa."

Kisu kikasimama. "Marahaba, mwanangu. Mbona uko huku siku ya kazi? Umefukuzwa?"

Nikacheka. Nikakaa chini kwenye mkeka, nikamweleza, ingawa kumweleza mtu ambaye hajawahi kuona kompyuta kuhusu mafaili ya maktaba si kazi ndogo. Nikasema kuna barua zenye vipimo vya jicho lake, ziko ndani ya kasha, na waliokuwa wakilifungua wametawanyika, nami nimeenda kuwakusanya.

"Wamo humo mkobani?"

"Wamo."

"Wote?"

"Wote watatu."

Alimenya kipande kingine. Kisha akasema, "Mwaka ule wa kambi ya kwanza walinirudisha kwa sababu ya presha. Sikulia. Ukiniambia nimerudishwa tena, sitalia. Usije kwangu na uso wa mtu aliyefanya kosa. Lakini mwanangu, ningependa sana kumwona mjukuu wangu. Nimemshika tu. Pua yake naijua kwa kidole."

Nikamshika mkono, ule wenye utomvu wa muhogo, mpaka nikasikia honi ya gari.

Nilifika ofisini saa kumi na nusu. Watu walikuwa wanafunga madirisha. Nilikuwa nimeamua njiani nitatumia kompyuta ya mapokezi, yangu mwenyewe, ambayo haikuguswa na uchafu. Nikaweka folda ya Newala, mafaili matatu na programu yao, nikaweka nakala ya ghala, nikamwambia mratibu, "Bosi, usisimame nyuma yangu, tafadhali." Akaenda kusimama dirishani.

Nikabonyeza.

Kisanduku cha kijivu hakikuja. Kikaja kingine, kikiuliza kama nairuhusu programu hii izungumze na mtandao wa ofisi. Nikaruhusu. Programu ikafunguka, ikaanza kulisoma ghala, na mstari mmoja wa kijani ukawa unatambaa taratibu mno. Ulifika katikati ukasimama. Nadhani ulisimama dakika nne. Sikupepesa. Kisha ukaendelea hadi mwisho, nikaingia sanduku la daktari kwa neno la siri nililolitunga mwenyewe, na barua za muuguzi zikashuka moja baada ya nyingine, kila moja na kiambatisho chake, tarehe kwa tarehe.

"Zipo," nilisema. Nikarudia. "Bosi, zipo."

Alikuja mbio. Nikafungua kiambatisho cha kwanza, jina, kijiji, jicho la kulia, jicho la kushoto, namba. Nikafungua cha pili. Mratibu aliweka kiganja kichwani akakaa hivyo. Tulichapa karatasi zote saa ileile, kwa sababu sikuwa tayari kuiamini kompyuta yoyote tena, nikazipanga kwa vijiji. Mkunya walikuwa sita, na mama mkubwa alikuwa wa nne.

Zilipungua mbili. Barua mbili za mwisho, ambazo viambatisho vyake toleo jipya lilivitunza kwa namna ambayo la zamani halikuielewa, zilifunguka maneno lakini viambatisho vilikuwa vitupu. Kila barua ilikuwa na mtu mmoja, maana siku zile za mwisho muuguzi alikuwa anamalizia waliokosekana. Nilijaribu Jumamosi nzima. Fundi wa Mwanza alijaribu nami kwa simu mpaka salio lake likaisha, akaongeza jingine. Havikufunguka.

Jumapili mchana nilimwomba mratibu ruhusa ya kwenda kuwaambia mwenyewe. Alisema muuguzi anaweza kupiga simu. Nikasema mimi ndiye niliyeacha ghala bila nakala, basi niende mimi. Wa kwanza alikuwa mwanamume mkulima, njia ya Chidya. Alisikiliza mpaka mwisho, akauliza swali moja tu: "Mashine itarudi?" Nikasema nitahakikisha inarudi. Wa pili alikuwa mwanamke mwenye duka dogo, naye alikasirika, na alikuwa na haki. Aliniambia alishafunga duka, alishaaga, alishatafuta mtu wa kukaa na mama yake. "Kwa hiyo kompyuta yenu imeugua, mimi ndiye nisiyeona," alisema. Nikasema pole, nikakaa pale mpaka alipomaliza.

Kambi ilianza Jumatatu kama ilivyopangwa. Mama mkubwa alifanyiwa jicho la kulia siku ya pili. Nilikuwepo walipomfungua bandeji asubuhi iliyofuata. Alipepesa muda mrefu, machozi yakimtoka kwa mwanga, kisha akanitazama usoni, akanikagua kuanzia juu hadi chini.

"Umenenepa," alisema.

Wagonjwa wote wa hema lile walicheka, nami nikalia mbele yao bila aibu.

Wiki iliyofuata niliandika barua ya kurasa mbili kwa mratibu. Nilimwomba vitu vitatu: ghala linakiliwe kila Ijumaa kwenye diski inayotoka nje ya jengo, folda nzima ya posta, programu na mafaili yake, itunzwe sehemu mbili, Masasi na Newala, toleo lilelile, na mashine ya kupimia iombwe tena kabla ya mwisho wa mwezi. Alikubali mawili ya kwanza siku ileile. Kuhusu la tatu alisema wenye mashine wana ratiba yao. Nikaomba namba yao, nikawa nawapigia kila Jumatatu asubuhi kabla sijanywa chai, mpaka yule dada wa upande wa pili akaanza kunisalimu kabla sijajitambulisha.

Mashine ilikuja wiki ya tano. Tulikwenda nayo, mimi na muuguzi, kwanza kwa mwenye duka, halafu kwa yule mkulima. Vipimo vyao nilivituma kwa posta ya ofisi, nikavinakili kwenye diski, nikaviandika pia kwa kalamu kwenye daftari. Daktari aliporudi, walifanyiwa upasuaji siku moja, chumba kimoja, kabla mvua hazijaanza.